Mdai Ndiye Mlishaji

Haya hayakutokea zamani, maana wote waliohusika bado wanapokea mishahara. Wala hayakutokea mbali. Jina la nchi tu ndilo siwezi kulitaja, kwa sababu liko mikononi mwa Kamati ya Kupitia Upya Jina la Nchi, ambayo mwaka wa tisa huu inakaa hotelini na bado haijamaliza herufi ya kwanza. Basi niiite nchi yetu. Mimi ni karani wa masijala katika Mahakama ya Matunzo na Upendo wa Familia: nafungua mafaili, nagonga mihuri, na naandika kwa hati nzuri mambo ambayo wakubwa wameyafanya vibaya. Kwa hiyo mtu asije kuniambia kwamba Serikali yetu haiwajali watoto. Nina ushahidi wa maandishi.

Siwazuri alikuja dirishani kwangu Jumatatu moja asubuhi, vumbi la mawe limemjaa mpaka kwenye kope. Alikuwa mponda kokoto, mwanamke mfupi mwenye mabega mapana na sauti ya kukwaruza. Alikuwa na watoto wawili: Sikitu, msichana wa miaka minane, na Chande, wa miaka mitatu. Mumewe, Bwana Ngoda, alikuwa mpiga tarumbeta wa Bendi ya Taifa, ile inayowapokea wageni wa Serikali uwanja wa ndege. Ngoda alikuwa amehamia kwa mke mwingine upande wa pili wa mji, akidai kwamba kishindo cha nyundo kinamharibia sikio la muziki. Kila wiki Bendi ilimpa madebe mawili ya unga. Wanawe walikuwa hawajaona hata pumba zake.

Kesi ilisikilizwa na Mheshimiwa Hakimu Dundo, ambaye huwa anahukumu akiwa amefumba macho ili asiwe na upendeleo.

"Mahakama hii," akanguruma, "haitamvumilia baba anayetafuna huku watoto wakimhesabia matonge! Ngoda, utatoa debe moja la unga kila wiki, na ole wako!"

Watu wakapiga makofi. Mimi pia nilipiga, maana iko kwenye ratiba. Siwazuri peke yake ndiye aliyeinua mkono kuuliza.

"Mheshimiwa, kwa nini hilo debe lisikatwe hukohuko Bendini, kabla hajalibeba?"

Mheshimiwa Dundo akafumbua jicho moja kwa huruma. "Mama, posho ya Bendi ni siri ya ulinzi wa taifa. Adui akijua tarumbeta letu linakula madebe mangapi, tumekwisha."

Nikagonga muhuri. Siwazuri akaikunja ile amri, akaitia kifuani, akaenda nayo nyumbani. Kwa miezi minne aliitoa kila Jumamosi na kuikunjua mlangoni kwa Ngoda, na kila Jumamosi Ngoda alimpigia tarumbeta mpaka majirani wakamwomba mama wa watu aondoke wapate kulala.

*

Katika nchi yetu, amri ya matunzo isipotiiwa hukabidhiwa Kikosi cha Upole. Jina hilo lilitolewa na Waziri, ambaye hajawahi kukutana nacho. Ni wanaume kumi na wawili wenye marungu, na gari lisilo na milango, kwa kuwa milango waliing'oa wenyewe siku ya mazoezi. Kiongozi wao ni Kamanda Likwati, mtu mcha Mungu asiyesema uongo, asiyekunywa, na ambaye hajawahi kubisha hodi.

Kila wanapotoka mimi hufuatana nao na fomu. Fomu ina mahali pa tarehe, mahali pa jina, na mistari kumi ya kujaza Nguvu Iliyotumika. Mahali pa kujaza unga uliopatikana hakuna. Niliwahi kuuliza kwa nini, nikajibiwa kwamba unga ni jambo la Wizara ya Kilimo na kwamba mtu akiuliza sana huhamishiwa mpakani. Sikuuliza tena.

Sheria inataka mdai atangulie, ili amwonyeshe mdaiwa kwa kidole. Siwazuri akawekwa mbele. Tulipofika kwa Ngoda, Kamanda akainua mkono, na vijana wake wakatimiza kipengele cha kwanza cha utaratibu, kinachosema kwamba mlango ukifunguka apigwe mtu wa kwanza aliye mbele. Mlango ukafunguka. Aliyekuwa mbele alikuwa Siwazuri. Akapoteza meno mawili ya juu.

"Mimi ndiye mliyeletwa kunisaidia!" akapiga kelele, damu ikimtoka.

"Tunajua, mama," Kamanda akamwambia kwa upole. "Utulie. Tunaendelea."

Wakaendelea. Wakampiga mke mpya wa Ngoda, na muuza maji aliyekuwa anasubiri ndoo zake, na bwana mmoja aliyekuja kusoma mita ya umeme na ambaye mpaka sasa hasomi vizuri. Ngoda wakamvuta miguu kutoka uvunguni. Walimpigiza ukutani, wakampigiza mlangoni, wakampiga kwa tarumbeta lake mwenyewe mpaka likalala bapa kama chapati. Nikajaza mistari yote kumi na kuomba karatasi ya nyongeza.

Jikoni kulikuwa na debe zima na nusu ya unga. Siwazuri aliliona kabla ya mtu yeyote. Akalikumbatia.

"Liache hilo," Kamanda akasema. "Hicho ni kielelezo."

Kielelezo kikapakiwa garini. Na kwa kuwa vielelezo vya unga huwahi kuingiwa na wadudu, jioni ile Kikosi kilikisonga ugali na kukihifadhi tumboni. Siwazuri akarudi nyumbani na khanga yenye damu na unga kidogo uliomganda kwenye mikono. Sikitu alimkung'uta mama yake juu ya sufuria, akapata wa kutosha uji wa Chande.

*

Ngoda alifungwa. Nchi nzima ilitangaziwa. Redio ikasema kwamba zama za akina baba wakimbiaji zimekwisha, na Waziri akapanda mti wa kumbukumbu.

Siku ya tatu Siwazuri akaitwa mahakamani. Alidhani anakwenda kupewa unga, maana alikuja na ndoo.

"Mama," Mheshimiwa Dundo akamuuliza, "nani aliyetaka huyu bwana afungwe?"

"Ni mimi niliyeshitaki, Mheshimiwa. Lakini nilitaka unga."

"Jibu swali. Nani alimtaka?"

"Ni mimi."

"Basi. Kwa sheria ya nchi hii, mdai ndiye mlishaji. Huwezi kualika mgeni halafu umwachie jirani akupikie. Mfungwa wako anahitaji debe moja la unga kila wiki, pamoja na mboga. Na kwa kuwa ni mtu wa upepo, atahitaji nyama kila Ijumaa, mapafu yasije yakalegea."

"Mheshimiwa, hilo debe ndilo ninalomdai yeye!"

"Ndiyo maana halitakupa shida kulikumbuka," akasema Hakimu, akafumba macho.

Wasomaji wapendwa, msicheke. Sheria hii ina busara yake. Wataalamu walioitunga walihofia kwamba wanawake wakiruhusiwa kufungisha waume bure, magereza yatajaa na vilabu vitakosa wateja. Lakini wataalamu hawakuwahi kuponda kokoto. Siwazuri alianza kuingia machimboni kabla umande haujakauka na kutoka jua likiwa limezama. Alipata wa kumlisha Ngoda. Watoto walipata kilichobaki kwenye mwiko. Nilimwona Sikitu akimlambisha mdogo wake mwiko upande mmoja, halafu akaugeuza na kumlambisha upande wa pili, naye mwenyewe akatazama pembeni.

Ngoda alinawiri. Alipata shavu, alipata kitambi, na wafungwa wenzake walianza kumwita Meneja. Kila mchana Siwazuri alisimama mbele ya nondo za chumba cha wageni na sufuria, na kila mchana Ngoda alikuwa na neno.

"Mama Sikitu, maharage ya jana yalikuwa na mawe."

"Ni mawe ya kazini, Baba Sikitu. Yananifuata."

"Sawa, lakini na wewe uwe unachambua. Na huu ugali wa leo naona umeusonga haraka haraka. Hivi wewe unapika kwa moyo kweli?"

Siwazuri aliifungua sufuria. Akautazama ugali, mzuri, mweupe, unafuka moshi. Watoto walikuwa hawajala tangu jana yake. Halafu akapitisha mkono katikati ya nondo, akamshika Ngoda ukosi, akamvutia kwake mpaka kichwa kikatokea kwenye tundu la kupitishia chakula, na kumpiga na ile sufuria, ugali na vyote. Alimpiga usoni mara ya kwanza, utosini mara ya pili. Mara ya tatu sufuria ilipinda na ikabidi ampige na mfuniko. Askari walisimama wakitazama, kwa sababu hawakuwa na utaratibu wa mgeni kumpiga mfungwa, kazi hiyo ikiwa yao.

Nilifungua shitaka jipya mwenyewe. Kosa: kumnyima mfungwa chakula kwa kumpiga nacho.

*

Ngoda naye akafungua madai ya matunzo. Ya Siwazuri yalichukua miezi saba kusikilizwa. Ya Ngoda yalisikilizwa Mheshimiwa akiwa anavua koti. Kwa kuwa mke alikuwa amelazimika kumlisha mume, na kwa kuwa alimlisha vibaya, mke sasa ni mdaiwa, mume ni mdai. Kikosi cha Upole kikatumwa chumbani kwa Siwazuri. Sheria inasema mdai atangulie, lakini kwa mdai mwanamume neno kutangulia hutafsiriwa kuwa kukaa mbele na dereva, na Ngoda alikaa mbele na dereva.

Siku ile niliandika mpaka kalamu ikapata moto. Mlango uling'olewa pamoja na fremu ya juu. Kitanda kilivunjwa vipande ambavyo nisingeweza kukwambia kipi kilikuwa mguu. Nyundo ya kuponda kokoto ilikamatwa kama silaha ya kivita. Siwazuri mwenyewe alivunjwa mkono wa kulia, akavunjwa tena, kwa sababu fomu ilinidondoka kwenye tope nikahitaji kuandika upya na Kamanda, mtu mkweli, hakukumbuka vizuri alipompiga mara ya kwanza. Sikitu alirukia kidole gumba cha Kamanda akaking'ata mpaka mfupa. Nikaandika: upinzani wa silaha kali.

"Mkabeni huyo mbwa mdogo!" Ngoda akapiga kelele kutoka garini.

"Baba, ni mimi!" Sikitu akalia.

"Namwona," Ngoda akamwambia dereva. "Amefanana na mama yake."

Siwazuri akaingia gerezani, Ngoda akatoka. Alitolewa kwa sababu sasa yeye ndiye mdai, na mdai lazima awe nje ili atafute chakula cha mfungwa wake. Aliahidi mbele ya Mahakama, mkono juu ya Katiba, kwamba atamlisha mkewe kama mboni ya jicho lake. Kesho yake Bendi ya Taifa iliondoka na Mkuu wa Nchi kwenda ng'ambo kwa ziara ya miezi mitatu. Ngoda aliondoka nayo, na tarumbeta jipya.

Siku nane Siwazuri hakuletewa kitu. Wafungwa wenzake walimgawia ukoko, na bibi mmoja aliyefungwa kwa kuuza pombe alimfunga mkono kwa vijiti na kipande cha gunia. Kila askari aliyepita alimuuliza swali moja tu.

"Wanangu nani kawapa chakula?"

Hakuna aliyejua, na kila mmoja alimjibu kwamba suala hilo linashughulikiwa.

*

Mkuu wa Gereza akaandika barua kwamba ana mfungwa anayekonda bila kibali. Mheshimiwa Dundo akaliitisha faili, akalifunua kwa kidole. Ngoda hakuweza kuguswa, kwa vile alikuwa anapiga wimbo wa taifa mbele ya wafalme.

"Tutafute mzizi," akasema hatimaye. "Karani, tangu mwanzo wa shauri hili, nani hasa alikuwa na njaa?"

"Watoto, Mheshimiwa."

"Mkubwa wao?"

"Sikitu. Miaka minane."

"Kumbe! Basi huyo mama alikuwa wakili tu. Mdai halisi ni Sikitu. Na mdai ndiye mlishaji. Andika: Sikitu binti Ngoda apeleke gerezani debe moja la unga kila wiki kwa ajili ya mama yake, akishindwa akamatwe."

Niliandika. Nikagonga muhuri. Wiki ikapita, unga haukuja, nikapanda gari na Kikosi cha Upole.

Tulimkuta Sikitu amekaa kizingitini, pale mlango ulipokuwa. Alikuwa amempakata Chande, na pembeni yao palikuwa na kikombe cha uji ambao majirani walikuwa wamewachangia. Watu wa mtaa walipotuona walijifungia ndani, maana nao walikuwa na milango bado. Kamanda Likwati akashuka na kidole gumba kilichofungwa bandeji. Akasoma amri yote, mpaka jina la mpiga chapa wa Serikali lililoko chini.

Sikitu akamsikiliza mpaka mwisho. "Na mimi unga sina," akasema. "Nisipopeleka?"

"Unafungwa."

"Kulekule kwa mama?"

"Kulekule."

"Na nikifungwa, nani ataniletea chakula?"

Kamanda akanigeukia. Nikafungua kitabu cha sheria. "Mdai wake," nikasoma. "Yaani aliyekuwa anamdai chakula. Yaani mama yake."

"Sasa mama ataniletea vipi na yeye amefungwa?"

"Itabidi atolewe akatafute," nikasema. "Kama alivyotolewa baba yako."

Mtoto akawaza. Ni jambo lisiloonekana sana nchini kwetu saa za kazi, na sote tulisubiri. Kisha akamweka Chande chini, akamfuta makamasi kwa upindo wa gauni, akasimama na kunyoosha mikono yote miwili mbele ya Kamanda.

"Basi nifungeni. Mimi sufuria kubwa siwezi kuiinua. Mama anaweza hata kwa mkono mmoja."

Kamanda akamtazama, akaitazama mikono ile, akakosa pa kuanzia. "Karani, umejaza nguvu iliyotumika?"

"Hakuna, Afande. Amenyoosha mwenyewe."

"Haiwezekani. Amri ya Mahakama haitekelezwi bila nguvu. Nitasema nini makao makuu?"

"Niandike tu, Afande. Naandika kwamba nguvu ya wastani ilitumika, tunaondoka."

Uso ukambadilika. "Unataka niweke sahihi kwenye uongo? Mimi?"

Akavua saa yake isije ikaharibika. Akampiga Sikitu kofi moja, la mtu mzima aliyekula vizuri. Mtoto akaruka, akagonga kipande cha fremu kilichobaki ukutani, na nyusi ya kushoto ikapasuka. Hakulia. Aliketi akishika damu kwa kiganja kama mtu anayekinga maji ya bomba. Chande ndiye aliyelia, kwa sauti kubwa, kwa niaba ya wote.

"Sasa andika," Kamanda akasema.

Niliona aibu. Nasema hivyo waziwazi kwa sababu katika kazi yangu sijawahi kupata mahali pa kuiandika. Kisha nikaandika: kofi moja.

*

Walikutana getini, mmoja anatolewa na mmoja anaingizwa. Siwazuri alikuwa ameshavuka kizuizi cha kwanza aliponiona mimi na fomu, halafu akamwona mtoto wake na damu iliyokauka mpaka shingoni. Akashika nondo za geti kwa mkono wake mzima.

"Sitoki," akasema.

"Mama, umeachiwa," askari akamwambia. "Una wajibu wa kulisha."

"Sitoki. Nifungieni naye."

Wakampiga ili atoke. Nina miaka kumi na tisa kazini, nimeona watu wakipigwa ili waingie gerezani, wakipigwa wakiwa ndani, na wakipigwa kwa kujaribu kutoka. Siku ile ndiyo ya kwanza kuona mtu akipigwa kwa kukataa kutoka. Walimpiga mgongoni kwa rungu. Walimpiga kwenye ule mkono wa vijiti, akapiga ukelele ambao mpaka wafungwa walionyamazishwa waliujibu, lakini nondo hakuiachia. Mwishowe mmoja akachukua shada la funguo akaanza kumgonga vidole, kimoja kimoja, akivihesabu.

Alipofika cha tatu, Sikitu akasema kwa sauti ndogo, "Mama, toka. Chande yuko peke yake."

Siwazuri akaachia mwenyewe.

*

Alijitahidi. Aliazima nyundo, akaponda kwa mkono wa kushoto, vidole vimevimba, Chande amefungwa mgongoni akiruka kwa kila pigo. Siku ya saba akaleta nusu debe getini. Wakalipima mara mbili. Nusu.

Mheshimiwa Dundo alikuwa na furaha siku hiyo. Waziri alikuwa ameandika kuipongeza Mahakama yetu kwa kuwa ya kwanza nchini kutekeleza amri moja kwa familia nzima, na kulikuwa na mazungumzo ya nishani.

"Ameleta nusu," akasema. "Hiyo nusu nyingine tumdai nani? Naona hapa kuna jina jingine. Chande. Huyu naye alikuwa na njaa?"

"Alikuwa nayo, Mheshimiwa. Ana miaka mitatu."

"Alidai?"

"Alikuwa analia."

"Kulia ni madai ya mdomo. Tayarisha amri, Kikosi kiende kesho."

Nikarudi mezani kwangu na faili. Lilikuwa limenenepa, ndilo peke yake lililonenepa katika shauri lile ukimwondoa Ngoda. Nikaandika jina: Chande. Umri: miaka mitatu. Nikafika kwenye kazi ya mdaiwa, kalamu ikasimama. Nikakumbuka lile kofi. Kofi lile lingemkuta Chande kesho, saa tatu asubuhi, maana Kamanda hasemi uongo na hachelewi.

Wenyeji wa nchi yetu hawana haja ya kuambiwa kazi halisi ya karani wa masijala, lakini wageni niwaambie: ni kupoteza mafaili. Nimepoteza faili la mwenye lori aliyegonga harusi. Nimepoteza mafaili ya mashamba, ya daraja lililoanguka, ya daktari asiyekuwa daktari. Kila moja lilikuja na bahasha. Hili halikuwa na bahasha. Nililichukua, nikatoka nalo mpaka barazani kwa Bi Mgeni anayeuza bagia, ambaye huhitaji karatasi za kufungia, nikamwekea mezani.

Kabla ya adhuhuri nusu ya Mahakama ilikuwa inakula shauri lile. Mawakili walikula bagia zilizofungwa kwa mashitaka ya sufuria. Kamanda Likwati alifungiwa mbili za moto katika orodha ya nguvu iliyotumika. Mheshimiwa mwenyewe alifuta mafuta vidoleni kwa hukumu yake, akaisifu karatasi kwamba ni nzito.

Alasiri Mkuu wa Gereza akapiga simu. "Karani, yule mtoto wa kike, faili lake liko wapi?"

"Halionekani, Mkuu."

"Kabisa?"

"Kabisa."

"Basi hayupo," akasema, na akamtoa Sikitu nje ya geti kabla giza halijaingia, kwa sababu kumlaza mtu asiyekuwepo ni matumizi mabaya ya mkeka wa Serikali.

Mheshimiwa Dundo aliniita, akafunga mlango. "Nani kakutuma? Yule mpiga tarumbeta?" Akanikonyeza. "Vizuri. Lakini usisahau kwamba na sisi wakubwa huwa tunakula."

Nikamwambia ameshakula.

*

Asubuhi yake nilichana nywele. Nilijua Siwazuri atakuja, na nilikuwa nimejiandalia maneno ya kukataa shukrani, maneno mafupi, ya mtu mnyenyekevu. Foleni ya akina mama ilikuwa ndefu mpaka kwenye ngazi. Siwazuri alikuwa wa kwanza, Chande mgongoni, Sikitu pembeni na nyusi imeshonwa nyuzi nne.

"Ni wewe uliyelipoteza faili?"

"Ni mimi, Mama Sikitu."

"Ilikuchukua muda gani?"

"Muda?" Nikacheka kidogo. "Hata haukuchukua muda. Ni kutoka hapa mpaka pale barazani."

Akageuka akapatazama barazani. Alipatazama vizuri, kama anapatafutia jina.

"Siku nilipovunjwa mkono, hiyo baraza ilikuwepo?"

Nikaivuta rejista karibu.

"Na siku hii nyusi ilipopasuliwa?"

"Ilikuwepo," nikasema.

Ngumi ilipita dirishani. Ilikuwa ya mkono wa kushoto, mkono uliokuwa umeponda mawe wiki nzima, na ilinikuta kwenye taya nikiwa bado nimefungua mdomo. Nilikwenda chini na kiti, na rejista, na kisanduku cha mihuri. Nilisikia kitu kikikatika, nikakitema, kilikuwa jino. Nilipofanikiwa kusimama walikuwa wameshashuka ngazi, Sikitu ameshika upindo wa khanga ya mama yake, wanaelekea machimboni.

Nikaokota kalamu. Damu ilikuwa inadondokea kwenye rejista, nikaifuta kwa mkono wa shati.

"Anayefuata," nikasema.

Mwanamke aliyefuata akasogea dirishani na amri yake mkononi. Hakunisalimia. Alikuwa amegeuza shingo, anapima kwa macho umbali wa kutoka hapa nilipo mpaka barazani.